Nafsi ya Kwanza, Umoja

Kila baada ya miaka mitatu, muuguzi aliyesajiliwa hapa Uingereza huomba upya kuendelea kuitwa muuguzi. Hafanyi mtihani. Anahesabu saa zake za kazi, anakusanya ushahidi wa mafunzo, analipa ada, anatafuta mtu wa kumthibitisha, na anaandika maandishi matano mafupi kuhusu kazi yake mwenyewe. Hayo matano ndiyo yaliyotuweka katika chumba cha klabu hadi mlinzi akaja kuzima taa, Alhamisi tatu mfululizo muhula uliopita. Wenzetu waliokuwa upande wa pili wa meza wakijadili ngeli walituuliza zaidi ya mara moja kama tunaandika wosia. Makala hii ni jibu letu kwao, na kwa walimu wetu wawili waliotusaidia, mmoja wao bila kujua.

Sisi ni watano. Wanne tumesajiliwa na Baraza la Wauguzi na Wakunga la hapa, ambalo kila mtu analijua kwa herufi zake, NMC, na tunasoma shahada ya uzamili siku moja moja katikati ya zamu. Wa tano ni muuguzi kamili kwa leseni ya nyumbani, lakini hapa bado anafanya kazi ya kuhudumia wazee, ile tunayoiita kea. Mkubwa wetu kwa umri tunamwita Dada Mkubwa. Ndiye mwenye kisa hiki, naye ametupa ruhusa ya kukisimulia mradi tusitaje mji wala nyumba anayofanyia kazi. Ameyasoma haya kabla hayajaenda kwa mhariri na amefuta sentensi mbili. Hatutasema zilihusu nini.

Masharti yenyewe tuyapitie haraka, maana hayana utamu. Ndani ya miaka mitatu muuguzi awe amefanya kazi ya uuguzi kwa saa zisizopungua 450. Aliye muuguzi na mkunga pamoja, 900. Awe na saa 35 za mafunzo yanayohusu kazi yake, na 20 kati ya hizo ziwe za kujifunza pamoja na watu wengine, si za kusoma peke yake kitandani. Awe na mirejesho mitano kutoka kwa wagonjwa, jamaa zao, wanafunzi au wafanyakazi wenzake. Atoe tamko kuhusu afya na mwenendo wake, na kwamba ana bima inayomkinga kazini. Kisha aandike yale maandishi matano, kila moja likifungamana na Kanuni za Maadili za Baraza, na akae ana kwa ana na muuguzi au mkunga mwingine aliyesajiliwa wayazungumzie. Mwisho mthibitishaji, kwa kawaida msimamizi wake wa kazi, atazame ushahidi wote na kusema ameridhika. Mwaka 2015 ada iliwekwa kuwa pauni 120 kwa mwaka. Mlango wa maombi hufunguka siku 60 kabla.

Saa 450 na saa 35 zilikuwepo hata katika utaratibu wa zamani, ambapo muuguzi alitoa tamko, akatia sahihi, mambo yakaisha. Mabadiliko yalikuja Aprili 2016. Miaka mitatu kabla yake ripoti ya Robert Francis kuhusu yaliyowapata wagonjwa katika hospitali ya Stafford ilikuwa imeitikisa nchi nzima: watu walikuwa wameachwa bila maji ya kunywa na bila kuoshwa, na waliokuwa zamu wameona. Pamoja na mengi mengine, ripoti ile ilitaka wauguzi nao wawe na utaratibu wa kuthibitishwa upya kama wa madaktari. Ndipo zikaongezwa hizi tafakuri na mazungumzo. Daftari lenyewe la wauguzi ni la zamani zaidi. Sheria yake ilipitishwa mwaka 1919, daftari likafunguliwa 1921, na jina la kwanza kuandikwa likawa la Ethel Gordon Fenwick, mama aliyepigania usajili huo kwa zaidi ya miaka 30. Kwa hiyo tunapolalamika kwamba fomu ni ndefu, na tunalalamika sana, angalau tunajua ilikotoka.

Sasa kisa. Dada Mkubwa anafanya kazi katika nyumba ya wazee iliyoko mashambani. Usiku muuguzi ni yeye peke yake, pamoja na makea watatu na wazee zaidi ya 30. Meneja wake ni mtu mwema lakini si muuguzi, hivyo anaweza kumthibitisha ila hawezi kuwa mshirika wake wa mazungumzo. Muuguzi mwingine aliyekuwa akipokezana naye aliacha kazi Januari, nafasi yake ikawa inajazwa na watu wa wakala, leo huyu kesho yule, wengine hawajui hata jikoni ni wapi. Siku mbili za mafunzo alizokuwa ameahidiwa zilifutwa kwa sababu hapakuwa na wa kushika zamu yake. Usajili wake ulikuwa unakwisha mwisho wa Machi, na maombi yalitakiwa yawe yamefika tarehe mosi ya mwezi huo.

Usajili ukikatika hapa, huruhusiwi kufanya kazi ya uuguzi hata kwa siku moja, na kurudishwa kwenye daftari huchukua wiki kadhaa. Kibali chake cha kuishi nchini kimefungwa kwenye ajira ile ile. Nyuma ya ajira kuna karo ya watoto wawili Iringa, na mama mwenye kisukari. Hakutusimulia haya kwa kulalamika, tulikuwa tunayajua. Alikuja Alhamisi ya kwanza ya Februari akiwa na karatasi zake kwenye mfuko wa supamaketi, akasalimia, akakaa, akasema: "Wadogo zangu, nani ana saa moja?"

Mmoja wetu, anayefanya kazi idara ya dharura, alikubali kuwa mshirika. Utaratibu haudai mfanye kazi mahali pamoja, unadai tu wote wawili muwe kwenye daftari. Akayachukua yale maandishi, akayasoma moja baada ya jingine, akayaweka mezani, akanyamaza kidogo. Kisha akasema, kwa ile sauti mdogo anayoitumia kumwambia mkubwa jambo lisilopendeza: "Dada, nimeyasoma yote matano. Kiingereza chake hakina dosari. Ila wewe sijakuona."

Hakumaanisha vibaya. Tukayasoma nasi. Lile la kwanza lilihusu vidonda vya malazi, na kiini chake, tukikileta kwa Kiswahili, kilikuwa hivi: "Wagonjwa waligeuzwa kwa wakati. Hali ya godoro ilikaguliwa na kurekebishwa. Timu ilishirikiana vizuri na matokeo yakawa mazuri." Ungeweza kulichukua ukaliweka katika faili la muuguzi yeyote wa nchi yoyote na lisingepiga kelele.

"Godoro lilikaguliwa na nani?"

"Na sisi wa usiku."

"Usiku huo wauguzi mlikuwa wangapi?"

Dada Mkubwa akacheka. "Mimi."

Yaliyotokea, tuliyapata kwa kumvuta neno baada ya neno. Kulikuwa na bibi mmoja aliyekuwa amepungua mwili kwa miezi mingi. Alikuwa akilazwa kwenye godoro la hewa, lile lenye pampu miguuni pa kitanda, ambalo hupangwa kwa kufuata uzito wa anayelilalia. Uzito wa bibi ulikuwa umeshuka, pampu ikawa imebaki kwenye uzito wa zamani. Godoro la namna hiyo likijaa kupita kiasi huwa gumu kama ubao, na nyonga na visigino ndivyo vinavyolipa. Chati ilisema bibi anageuzwa kila baada ya saa mbili, na ilikuwa kweli tupu, makea walikuwa wanamgeuza. Hata hivyo, saa nane za usiku Dada Mkubwa alipobonyeza pale nyongani kwa kidole, wekundu haukuondoka. Akaingiza kiganja kati ya mwili na godoro. Akahisi ugumu. Akainama kusoma namba kwenye pampu, akaenda ofisini kufungua faili na kutazama mara ya mwisho bibi alipimwa uzito. Akapunguza hewa, akamlaza upande ambao haukuguswa, akaandika. Asubuhi hakutoka kazini mpaka meneja alipokubali pampu zote za nyumba zikaguliwe. Tatu nyingine zilikuwa vivyo hivyo. Tangu siku hiyo makea wa nyumba ile husoma namba ya pampu kila wanapomgeuza mtu.

Yote hayo, katika maandishi, yalikuwa yamekuwa "ilikaguliwa na kurekebishwa".

Hapo ndipo sarufi ilipoingia, na tunadhani ndiyo sababu kisa hiki kina haki ya kuwa katika gazeti hili kuliko katika gazeti la wauguzi. Tumefundishwa hapa klabuni kwamba nafsi ya kwanza umoja ni *ni-* na wingi wake ni *tu-*. Kwa Kiswahili *ni-* ni silabi moja iliyokaa kimya ndani ya kitenzi. Ukisema "nilipima" hujajitokeza, umepita tu. Kwa Kiingereza neno la kujitaja husimama peke yake mbele ya kitenzi, kwa herufi kubwa hata likiwa katikati ya mstari. Kuliandika mara kumi katika ukurasa mmoja ni kama kusimama barazani kujipiga kifua. Mtu aliyelelewa kuambiwa kwamba "mimi, mimi" ni alama ya utovu wa adabu, mtu ambaye lugha yake imetengeneza neno *umimi* kwa ajili ya tabia hiyo na ikatoa *ubinafsi* katika *nafsi* yenyewe, hutafuta njia ya kuponyoka. Njia ni mbili: kuingia ndani ya "sisi", au kuikimbilia kauli ya kutendwa. Dada Mkubwa alitumia zote. Na ile ya pili tuliifundishwa vyuoni, maana ndivyo faili la mgonjwa linavyoandikwa: amepewa, amepimwa, amegeuzwa.

Tusije tukaeleweka kwamba watu wetu hawajui kusema *ni-*. Aliyewahi kusikiliza makabidhiano ya zamu katika wodi ya nyumbani anajua. Muuguzi anayetoka husema bila haya: nimempa sindano ya saa sita, mkojo sijaupima, dripu naiacha nusu. Hakuna anayemwona mwenye majivuno, kwa sababu pale *ni-* ni deni analomkabidhi mwenzake. Ugumu uko kwenye kukaa chini na kusimulia jambo jema ambalo wewe uko katikati yake, tena ulisimulie kwa mtu atakayetia sahihi.

Tulibishana. Mwenzetu wa Mombasa alisema wazi kwamba haoni kwa nini tujipinde. Hakuna anayemwokoa mgonjwa peke yake, alisema. Kea aliyemwita Dada Mkubwa usiku ule naye ni mtu, na akiandika "mimi, mimi" kea huyo anafutika. Akaongeza kwamba hata Kanuni za Maadili zenyewe, katika vifungu vyake 25, zina kifungu cha 8 kinachotaka kufanya kazi kwa ushirikiano. Ilikuwa hoja nzito na tulidhani imeshinda.

Aliyejibu ni mpole kuliko sisi sote, wa Unguja. Alisema mahali alipokuwa akifanya kazi zamani mzee alianguka usiku akavunjika nyonga. Wiki chache kabla, mtu fulani alikuwa ameamua kupunguza watu wa zamu ya usiku. Barua iliyokwenda kwa familia ilianza na "tunasikitika" na kuishia na "tunaahidi", kurasa mbili za *tu-*, bila mtu hata mmoja ndani yake. "Wingi wa adabu naujua," alisema, "lakini kuna wingi mwingine ambao wakubwa hujifunika kama shuka." Hakuna aliyesema neno kwa muda. Mlinzi naye akawa amefika.

Hatukukubaliana moja kwa moja, na hadi leo mwenzetu wa Mombasa anasema alishindwa kwa sababu ya saa. Kwa sauti nne kwa moja tumekubaliana pia kwamba makala hii iandikwe kwa *tu-*, jambo ambalo yeye analitaja kama ushahidi wake.

Alhamisi ya pili tulibadili njia. Dada Mkubwa aliweka karatasi za Kiingereza kando, akaombwa asimulie tu, kwa Kiswahili, kama anavyomsimulia mdogo wake kwa simu. Mmoja wetu akawa anaandika. Maneno yalitiririka. Hapo mwalimu wetu wa sarufi alikuwa amekuja kuchukua vitabu vyake, akasimama mlangoni akisikiliza, halafu akasema jambo dogo akaondoka: "Angalieni *-ka-* zake." Tukatazama. *Niliingia, nikambonyeza, nikaona, nikaingiza mkono, nikasoma, nikaenda.* Baada ya *nili-* moja ya kufungulia, kila tendo linalofuata limefungwa kwa lililotangulia, na mtendaji ni yule yule mpaka mwisho wa mnyororo. Msimulizi hajisifu, anafuata njia aliyopita. Dada Mkubwa alipoanza kuigeuza kwa Kiingereza, alijua kila *nika-* lazima ipate mtu wake mbele, na mtu huyo ni yeye. Ilimchukua dakika arobaini kwa ukurasa mmoja. Kea aliyemwita aliingia pia, kwa sentensi yake mwenyewe: alimwita kwa sababu bibi, ambaye huwa haneni, alikuwa amekunja uso alipogeuzwa. Mwenzetu wa Mombasa akaridhika kidogo.

Kulikuwa na tatizo jingine la hesabu. Kwa sababu ya zile siku mbili zilizofutwa, saa zake za kujifunza na watu zilikuwa 17, zilihitajika 20. Mhadhiri mmoja wa idara ya uuguzi, mwanachama wa klabu anayejifunza Kiswahili kwa miaka miwili sasa na bado anasema "mimi ni njaa", alikuwa amepanga somo la saa tatu kwa wanafunzi wake kuhusu kuchunguza ngozi nyeusi, akatukaribisha. Hatukutegemea mengi. Lakini tulipofika kwenye alama ya kwanza ya kidonda cha malazi, mhadhiri aliuliza darasa wanatafuta nini, wote wakasema wekundu. Akatugeukia sisi. Dada Mkubwa akasema kwamba katika chuo alichosomea, vitabu vilisema wekundu, mtihani ulisema wekundu, na yeye akajibu wekundu akapata alama zote, lakini wodini hakuwahi kuuona, kwa sababu wagonjwa wote walikuwa weusi. Mkunga mzee aliyekuwa mkuu wa wodi ndiye aliyewafundisha kugusa kwa mgongo wa mkono. Joto likizidi pale kuliko pembeni, ngozi ikiwa ngumu au tepetepe kuliko jirani yake, rangi ikikolea kuelekea zambarau, mgonjwa akishtuka ukigusa: hapo pana jambo, hata kama macho hayaoni kitu.

Wanafunzi waliandika. Mhadhiri aliandika. Somo lilipokwisha alimpa Dada Mkubwa karatasi ya kuthibitisha mahudhurio, saa tatu kamili. Tafakuri yake ya pili akaiandika juu ya hilo: kwamba kwa miaka mingi amekuwa na njia mbili za kuichunguza ngozi, ya kitabu na ya mkono, na sasa katika nyumba yake, ambako wazee wengi ni Wazungu lakini si wote, ameanza kuwafundisha makea ile ya mkono kwa kila mtu. Hii hakuhitaji kusukumwa. *Ni-* zilikuja zenyewe.

Ya tatu na ya nne zilihusu mafunzo ya wagonjwa wanaomeza kwa shida na usimamizi wa dawa, tuyaache. Ya tano ilitoka kwenye mirejesho, na mirejesho nayo ilikuwa na vita vyake. Dada Mkubwa hakutaka kuomba sifa kwa mtu. Kizuri chajiuza, alisema, na ni kweli, ila fomu haina sehemu ya kusubiri wanunuzi. Bahati nzuri mrejesho si lazima uuombe, unaweza kuwa uliokujia wenyewe. Katika mfuko ule ule wa supamaketi mlikuwa na kadi ya binti wa mzee mmoja aliyefariki. Alikuwa ameitunza mwaka mzima bila kumwonyesha mtu. Binti alikuwa ameshukuru kwa jambo moja tu: kwamba alipochelewa kwa theluji, alimkuta muuguzi amekaa kando ya kitanda amemshika baba yake mkono, na akaambiwa baba hakuwa peke yake. Tulinyamaza kwa kadi ile. Kwenye fomu ikaingia bila jina, bila tarehe, bila theluji, kwa sababu Baraza limekataza chochote kinachoweza kumtambulisha mgonjwa au jamaa yake. Hata hapa tumebadilisha mambo mawili.

Lakini aliyoiandikia tafakuri haikuwa kadi. Ilikuwa ni maneno ya kijana mmoja aliyemwambia meneja kwamba muuguzi wa usiku hamwelewi kwenye simu. Sisi tulikasirika kwa niaba yake. Lafudhi yake ni ya Iringa, na ni wazi kuliko ya watu wengi tunaowasikia kwenye basi. Yeye hakukasirika. Alisema mtu anayepigiwa simu saa tisa za usiku kuhusu mama yake hasikii maneno, anasikia hofu, hata angepigiwa na mfalme. Kwa hiyo siku hizi huanza na hali ya mgonjwa kabla ya jina lake yeye, husema jambo moja moja, kisha humwomba aliyepigiwa amrudishie alichosikia. Mrejesho wa kulaumu unahesabiwa sawa na wa kusifu. Mwenzetu wa idara ya dharura amelichukua jambo hilo, naye sasa hufanya hivyo hivyo.

Mazungumzo rasmi yalifanyika Alhamisi ya tatu, kwa Kiswahili, saa moja na dakika ishirini, wawili tu na mlango umefungwa. Fomu ikajazwa kwa Kiingereza. Meneja alitia sahihi Jumatatu. Maombi yakaenda siku hiyo hiyo, siku kadhaa kabla ya mwisho, na baada ya hapo ikaja barua pepe ya mistari michache kwamba usajili umehuishwa kwa miaka mitatu mingine. Usiku huo alikuwa zamu, hakuweza kusherehekea. Sisi tulikula pilau kwa niaba yake.

Jambo ambalo wengi wa nje hawalijui ni kwamba yale maandishi matano hayapelekwi Baraza. Muuguzi hujaza tu kwamba ameyaandika, hutaja aliyezungumza naye na aliyemthibitisha, na karatasi hubaki nyumbani, labda kama atakuwa miongoni mwa wanaochaguliwa kuhakikiwa. Mmoja wetu anaona basi ni maigizo, kwa kuwa mtu asiyefikiri lolote anaweza kuijaza fomu vizuri tu. Wengine tunaona kinyume. Kwa Dada Mkubwa, kwa miaka mitatu ya usiku wa peke yake, hii ilikuwa mara ya kwanza muuguzi mwingine kumkalisha na kumuuliza: halafu ukafanya nini? Ingekuwa vizuri zaidi swali hilo angeulizwa pale anapofanyia kazi, na kwa saa za kulipwa. Hilo tunaliandika kwa *tu-* iliyo wazi kabisa, na anayehusika alisome.

Sasa tunaye wa tano wetu. Saa zake za kea hazihesabiwi na daftari lolote. Hapa si za uuguzi kwa kuwa hajasajiliwa. Nyumbani leseni nayo haidumu bila kuhuishwa, na mafunzo endelevu yana hesabu yake. Leseni hiyo hawezi kuiacha ife, maana Baraza la hapa litauliza baraza la kwao kama yumo kwenye daftari na kama hana doa. Baada ya hapo kuna mtihani wa kompyuta, mtihani wa Kiingereza, ambao akichagua IELTS anatakiwa alama 7, na kwa kuandika 6.5, halafu mtihani wa vitendo wenye vituo 10. Leseni ya nyumbani inakwisha Desemba. Anasoma usiku, anafanya mafunzo ya mtandaoni kwenye simu wakati wa mapumziko, na mchana anawaogesha na kuwalisha watu ambao angeweza kuwauguza.

Tulimshauri aanze daftari lake la tafakuri hata kabla hajadaiwa. Tulidhani ataona ni kazi juu ya kazi. Wiki iliyopita alilileta. Ukurasa wa kwanza una tarehe, saa, na sentensi moja kwa Kiswahili: "Niliona mkojo wa mzee umekuwa mweusi kama chai ya rangi, nikamwuliza amekunywa maji lini, nikamwita nesi." Tumemwambia aandike nesi alisema nini.